Ua la Mwamba Halitaki Kuoga

Ana masikio mengi, lakini hasikii. Ana vinyweleo, lakini si mnyama. Jua hulikimbia, na gizani hakai. Nani huyo?

Usiumize kichwa. Ni ua la mwamba. Majani yake ni ya mviringo, manene kidogo, laini kama masikio ya mtoto wa paka. Ua lenyewe ni la rangi ya zambarau, na katikati lina vifuko viwili vya njano. Huota lenyewe msituni, kwenye mawe yenye kivuli karibu na kijito. Halikuletwa na meli wala gari. Ni la hapa hapa, tangu na tangu.

Kulikuwa na nyumba moja iliyolipenda ua hilo mpaka ikakaribia kulimaliza.

Nyumba hiyo iko kando ya barabara iendayo kituo cha afya. Ina vyumba vitatu na kibaraza. Baba mwenye nyumba ni mwashi, na watu humwita Fundi. Mkewe huuza miche ya mboga na maua pale kibarazani. Huipanda kwenye makopo ya maziwa, makopo ya rangi, hata vikombe vilivyovunjika vishikio. Ndiyo maana anaitwa Mama Vikopo. Wa tatu ni mama yake Fundi. Miguu inamsumbua, kwa hiyo hukaa kwenye kiti pale kibarazani kutwa nzima. Mdomo haumsumbui hata kidogo.

Kila asubuhi Mama Vikopo alikuwa na kazi moja aliyoipenda kuliko zote. Alijaza ndoo maji ya bomba, ya baridi ya kung'ata vidole. Alichukua kopo lenye matundu chini. Kisha aliyamwagia maua ya mwamba, moja moja, kuanzia utosini.

"Nawaogesha watoto," alisema.

Akimaliza kuwaogesha aliwapanga ukingoni mwa kibaraza, juani, wakauke.

Mama mkwe wake alikuwa akiwatazama.

"Mwanangu, hao watoto wako wana mapele."

"Si mapele, Mama. Ni madoa tu."

"Madoa ya nini?"

"Wamekumbuka kwao. Wakizoea yataisha."

"Yule wa pembeni ameshazoea," alisema bibi. "Amezoea mpaka amekufa."

Ilikuwa kweli. Majani yalianza kwa madoa meupe. Halafu moyo wa ua, pale katikati majani mapya yanapotokea, uliiva ukawa mweusi na laini. Ukilishika, ua zima lilibaki mkononi kama mboga iliyochemka. Wiki tatu au nne, ua limekwisha.

Mama Vikopo alisikitika kila mara. Lakini hakusikitika muda mrefu. Jumamosi ikifika, Fundi alichukua kikapu na kisu, akapanda mwambani, akabandua mengine. Mwamba ulikuwa na maua mengi. Hivyo ndivyo walivyodhani.

Jumanne moja, Matroni wa wodi ya wazazi alisimama mbele ya kibaraza. Alivaa sare yake nyeupe, na saa ilikuwa imebanwa kifuani.

"Karibu, Matroni. Vuta kigoda."

"Sikai. Nimekuja kukupa pole."

Mama Vikopo alishtuka. "Pole ya nini tena?"

"Ya msiba. Yale maua kumi na mawili uliyoniletea yamekufa yote."

"Yote?"

"La mwisho tumelizika jana. Na dada wa usafi aliyatunza kama ulivyomwelekeza. Kila asubuhi maji ya bomba, kutoka juu mpaka chini."

Mama Vikopo alipangusa mikono kwenye nguo yake, ingawa mikono ilikuwa mikavu.

"Sikiliza," alisema Matroni. "Mwezi ujao tunafungua wodi mpya. Ina madirisha ishirini. Nilitaka maua mawili kila dirisha. Mwanamke aliye kwenye uchungu anahitaji kitu cha kutazama zaidi ya sura yangu."

"Utayapata, Matroni. Arobaini."

"Yaliyo hai?"

"Hai kabisa."

"Haya. Lakini yakifa na haya, nanunua ya plastiki. Hayo hayaniletei msiba. Nayafuta vumbi, basi."

Matroni akaenda zake. Mama Vikopo alibaki amesimama na kopo mkononi.

"Plastiki!" alisema. "Mama, umesikia? Kila mtu wa mtaa huu hupita wodi ile. Akiona maua ya plastiki dirishani, atauliza kwa nini. Na ataambiwa kwamba maua ya Mama Vikopo hufa. Nani atanunua tena hata mche wa mchicha kwangu?"

Bibi hakutania safari hii. Alijua kwamba kibaraza kile ndicho kilichomfanya mkwewe ajulikane mtaani.

Jumamosi Fundi alipanda mwambani. Kwa kawaida alirudi saa nane. Siku hiyo alirudi saa tano, akichechemea na kuegemea fimbo. Suruali ilichanika gotini. Kikapuni mlikuwa na maua mawili tu.

"Nimeteleza," alisema. Alikaa chini taratibu. Kifundo cha mguu kilikuwa kimevimba kama boga.

Mama Vikopo alileta maji na kitambaa. Akamfunga mguu, akauweka juu ya kigoda.

"Mwamba umekuwa upara," Fundi aliendelea. "Mwaka juzi ulikuwa wa zambarau kutoka juu hadi chini. Leo yamebaki machache chini ya ule ukingo, pale kijito kinapodondoka. Hakuna hata pa kuweka kidole cha mguu."

"Nitapanda mimi Jumatatu," alisema Mama Vikopo.

"Una mbawa?" aliuliza bibi.

"Mama, nimeahidi maua."

"Umeahidi maua. Shingo yako hukuiahidi."

Jumatatu asubuhi Mama Vikopo aliwaogesha watoto wake mapema. Yaliyokuwa hai yalikuwa tisa tu, pamoja na yale mawili ya juzi. Alijifunga kitambaa kiunoni, akachukua kikapu na kisu. Alipotaka kushuka kibarazani, alikutana na msichana mwenye viatu vya mpira vilivyojaa tope. Alivaa miwani minene na alishika daftari lililolowa pembeni.

Kila mtu alimjua. Alifanya kazi kwenye kitalu cha miti cha watu wa misitu. Alikuwa akijua majina ya majani kama wengine wanavyojua majina ya wachezaji wa mpira. Walimwita Miwani.

"Shikamoo bibi. Shikamoo mama."

"Marahaba, mjukuu wangu," alisema bibi. "Asubuhi hii umetoka wapi na tope lote hilo?"

"Mwambani." Miwani alitazama kikapu. Halafu alitazama kisu. "Na mama anakwenda huko huko, siyo?"

Mama Vikopo alificha kisu nyuma. "Nani kasema?"

"Kisu kimesema."

Bibi alicheka. "Kisu chenyewe hakijui kutunza siri."

"Umekuja kunikamata?" aliuliza Mama Vikopo.

"Nimekuja kuuliza tu. Kila baada ya miezi sita nakwenda kuyahesabu maua ya ule mwamba. Safari iliyopita yalikuwa mia mbili na kumi. Leo nimehesabu mara mbili nikidhani nimekosea. Ni thelathini na moja. Mengine yako wapi?"

Sauti ya Fundi ilitoka ndani, alikokaa na mguu juu ya kigoda.

"Yamekufa! Mwambie ukweli, mke wangu."

Mama Vikopo aliweka kikapu chini. Akakaa kwenye ngazi.

"Yamekufa," alisema. "Yote yamefia hapa kwangu. Na mimi sijui nakosea wapi, mdogo wangu. Nayapenda. Nayaogesha kila siku kama watoto."

"Unayaogesha?"

"Kila asubuhi."

"Na kuyanywesha?"

"Si ndiyo hiyo hiyo?"

"Siyo, mama. Ukimwogesha mtoto, maji yanakwenda kwenye ngozi. Ukimnywesha, maji yanakwenda mdomoni. Mdomo wa ua uko wapi?"

Mama Vikopo alifikiri. "Kwenye mizizi."

"Basi wewe umelimwagia ua maji usoni, halafu ukaliambia linywe."

Miwani alichukua kopo moja lenye ua. Akalisogeza karibu na macho ya Mama Vikopo.

"Angalia jani hili. Unaona vinyweleo?"

"Naviona. Kama nywele za malaika mkononi mwa mtoto mchanga."

"Ndiyo. Maji yakidondoka hapa, vinyweleo vinayashika. Hayaondoki. Maji ya bomba ni baridi na jani lina joto, kwa hiyo jani linashtuka. Pale lilipopigwa na baridi panakufa. Hilo ndilo doa. Sasa tazama katikati, kwenye moyo. Maji yakituama hapo, ua linaoza. Kisha unalitoa juani. Nalo halijawahi kukaa juani tangu lizaliwe."

"Nani kasema halijawahi?" aliuliza Mama Vikopo.

"Tumuulize aliyelitoa kwao." Miwani aliinua sauti. "Fundi! Kule mwambani, mvua inayapiga maua?"

"Haiyapigi," Fundi alijibu kutoka ndani. "Yamejibanza chini ya ukingo wa jiwe. Hata mimi mvua ikinyesha najificha hapo."

"Maji yanayapataje?"

"Yanapita kwenye ule ukijani laini ulioshika jiwe. Yanachuruzika chini kwa chini, kidogo kidogo."

"Na jua?"

"Jua halifiki. Mwanga upo, unaweza hata kusoma gazeti. Lakini jua lenyewe..." Wakasikia fimbo ikigonga sakafu. Fundi alitokea mlangoni akichechemea. "Mimi nilikuwa nayajua haya yote! Miaka miwili nimeyaona kwa macho yangu!"

"Umeyaona," alisema mama yake. "Kuyasema ndiyo imechukua miaka miwili."

Miwani aliomba kisahani. Akamimina maji kidogo kutoka kwenye mtungi wa ndani, siyo ya bomba. Akaweka kopo la ua juu ya kisahani.

"Kopo liwe na matundu chini. Maji yapande yenyewe. Baada ya nusu saa, mwaga yaliyobaki, kwa sababu mizizi ikikaa kwenye matope nayo inaoza. Ukigusa udongo ukakuta bado una unyevu, usiongeze. Ukiwa mkavu juu, ndipo unyweshe tena. Maji yawe yamelala ndani ya nyumba mpaka ubaridi utoke. Na ua likae dirishani penye mwanga, lakini jua lisiliguse."

"Basi?" aliuliza Mama Vikopo.

"Basi."

Mama Vikopo alishusha pumzi. Halafu uso wake ukabadilika tena. Alitazama kikapu.

"Thelathini na moja yako mwambani," alisema polepole. "Tisa yako hapa. Jumla ni arobaini."

Wote walijua hesabu hiyo ina maana gani.

"Sasa najua kuyatunza," Mama Vikopo aliendelea. "Nikiyachukua yale leo, nikayanywesha vizuri, Matroni atapata maua yake kwa wakati."

Miwani alivua miwani, akaifuta kwa upindo wa shati.

"Siwezi kukufunga kamba, mama. Lakini nikwambie ninachokijua. Ukilibandua ua kwenye jiwe, nusu ya mizizi inabaki kwenye jiwe. Mengi yatakufa hata ukiyatunza. Na yale thelathini na moja ndiyo ya mwisho. Nimezunguka mawe yote ya kijito kile. Aina hii, yenye majani mekundu upande wa chini, sijaiona kwenye jiwe lingine. Ukiyatoa yote, hakuna ua litakaloangusha mbegu."

"Mbegu? Mimi sijawahi kuiona mbegu yake."

"Ni ndogo kama vumbi. Na haipatikani kwa urahisi. Unaviona hivi vifuko viwili vya njano? Ndani mna unga, ndiyo chavua. Vimefungwa. Nyuki lazima alishike ua kwa miguu na kulitikisa kwa mvumo wa mbawa zake, ndipo unga umwagike. Kama mtu anayetikisa kichupa cha chumvi. Halafu tunda linakaa miezi mingi ndipo likomae. Sasa ninyi mnayabandua yakiwa na maua. Mnayachukua kabla hayajazaa."

"Tunachukua wajawazito," alisema bibi kwa sauti ndogo.

Mama Vikopo alikigeuza kisu mkononi. Akakigeuza tena.

"Sasa nitampelekea nini Matroni?"

"Nipe wembe," alisema Miwani.

Mama Vikopo alimletea wembe. Miwani aliuosha, akachagua ua lenye afya, akakata jani moja pamoja na kikonyo chake.

"We! Unamkata!"

"Simuui. Hii ndiyo mbegu yako."

"Jani?"

"Jani."

Bibi alisogea mbele mpaka kiti kikalia. "Nimetega vitendawili tangu nikiwa na meno ya utoto. Mama anayezaa kwa sikio, huyo sijamsikia. Haya, tuoneshe."

Miwani alionesha taratibu. Alichagua jani la katikati, si changa sana wala si zee. Alifupisha kikonyo kikabaki urefu wa kidole gumba mpaka kwenye kiungo cha kwanza. Alikikata kwa mshazari. Alichanganya mchanga uliooshwa na mboji ya majani, nusu kwa nusu, akalowesha kidogo. Alichomeka kikonyo, jani lenyewe likabaki juu. Mwisho alifunika kikopo kwa mfuko wa nailoni unaopitisha mwanga, ili unyevu usitoroke, akautoboa matundu mawili kwa sindano.

"Kikonyo kitatoa mizizi baada ya mwezi hivi. Halafu miche midogo itachipuka hapa chini, miwili, mitatu, hata minne. Kila mmoja utakuwa ua kama mama yake. Rangi ile ile, majani yale yale."

"Na kuchanua?"

"Kama miezi tisa."

"Miezi tisa!" Mama Vikopo alishika kichwa. "Matroni anataka mwezi ujao!"

"Hilo siwezi kulisaidia," alisema Miwani. "Ua halina haraka ya mtu."

Barabarani mtu alipita na baiskeli akipiga kengele. Mama Vikopo hakugeuka. Mwishowe alisimama, akaingia ndani na kikapu. Alipotoka hakuwa nacho. Alikuwa na beseni la mchanga.

"Nioneshe tena," alisema. "Nikate mangapi?"

Walikata majani matatu kwa kila ua. Yakawa ishirini na saba.

Mchana ule ule Mama Vikopo alikwenda kwa Matroni. Njiani alijifunza maneno ya kusema. Alipofika aliyasahau yote.

"Matroni, nimekuja kuomba radhi. Sitaleta maua mwezi ujao. Yale ya kwanza niliyaua mwenyewe kwa maji. Na niliyatoa mahali ambapo sasa yanakwisha. Nimejifunza kuyaotesha kwa majani. Lakini yatachukua miezi tisa."

Matroni aliweka kalamu mezani.

"Mama Vikopo, hapa ni wapi?"

"Wodi ya wazazi."

"Na wewe umekuja wodi ya wazazi kuniogopesha kwa miezi tisa?"

Manesi wawili waliokuwa wakikunja mashuka walicheka mpaka mashuka yakaanguka.

"Nenda kayalee," alisema Matroni. "Madirisha yatakaa matupu. Lakini usiniletee kabla ya siku zake. Kazi ya watoto njiti naijua, inachosha."

Mama Vikopo alirudi nyumbani akitembea kwa haraka kuliko alivyokwenda.

Kazi ya kungoja ndiyo iliyokuwa ngumu. Siku ya nne hakuweza kuvumilia. Alichomoa jani moja aone kama limeota mizizi. Halikuwa na kitu. Alilirudisha. Siku ya tano alichomoa lingine. Siku ya sita, mawili. Siku ya saba, matatu.

"Unafanya nini hapo?" aliuliza bibi.

"Natazama tu, Mama."

"Mtoto yuko tumboni, wewe unafungua uone kama ana pua!"

Baada ya wiki mbili, majani saba yaliyochomolewa yalikuwa yameoza. Mama Vikopo aliyatupa. Yakabaki ishirini. Aliifunga mifuko kwa uzi, mafundo mawili mawili, akampa mama mkwe mkasi autunze.

Wakati huo aliendelea kuuza miche ya mchicha, nyanya na pilipili. Wateja waliuliza maua ya mwamba. Aliwaambia yako njiani.

Mguu wa Fundi ulipona. Jumamosi hakwenda mwambani tena. Alichukua saruji iliyobaki kazini na kuanza kumimina visahani vidogo. Vya kwanza vilipinda. Mama yake alisema vinafanana na masikio yake Fundi mwenyewe. Vya baadaye vikatoka vizuri, vya mviringo, na ukingo wa kidole kimoja.

Wiki ya kumi, bibi aliita kwa sauti kubwa. "Njoo! Njoo upesi!"

Mama Vikopo alidhani ameanguka. Alikuja mbio na unga mikononi.

"Tazama chini ya lile jani la mwanzo."

Kwenye shina la kikonyo palikuwa na majani mawili madogo, kila moja kama punje ya mchele. Yalikuwa na vinyweleo tayari. Mama Vikopo alipiga magoti, akayatazama kwa muda mrefu.

"Yana masikio," alisema.

"Masikio yazae nini tena?" alijibu bibi.

Miwani alikuja kuwafundisha kuitenga. Walingoja majani ya kila mche yafike ukubwa wa kifungo cha koti. Kisha walitoa udongo wote polepole, wakaachanisha miche bila kukata mizizi, kila mmoja kikopo chake kidogo. Wakapata miche hamsini na mitatu kutoka majani ishirini. Mitano ilikufa. Iliyobaki ilishika.

"Usiipe nyumba kubwa," Miwani alionya. "Kwenye kopo kubwa udongo unakaa na maji mengi, mizizi midogo haiyamalizi."

Nyumba ilijaa vikopo. Dirisha la sebuleni, dirisha la jikoni, hata juu ya kabati la Fundi lililo karibu na dirisha. Kila baada ya siku mbili tatu Mama Vikopo aligusa udongo kwa kidole, kikopo kwa kikopo. Penye ukavu alimimina maji kwenye kisahani. Madoa hayakuonekana tena. Mwezi wa nane tangu wachomeke majani, ua la kwanza lilifunguka. Wiki iliyofuata yalifunguka kumi. Halafu hakuna aliyehesabu tena.

Miwani alileta habari nyingine kutoka msituni. Yale thelathini na moja yalikuwa bado yapo, na yalikuwa yamezaa. Kwenye ule ukijani wa jiwe aliona vichipukizi kumi na vinne, vidogo kama kichwa cha pini. Ilibidi alale kifudifudi kuviona.

Miezi tisa ilipotimia, mwezi Juni, Fundi alisukuma mkokoteni mpaka kituo cha afya. Mama Vikopo alitembea pembeni akiyakinga maua kwa mwavuli. Watu waliuliza kama kuna harusi.

Matroni alipita dirisha hadi dirisha, akatazama chini ya kila jani kama anayekagua kucha za watoto wa shule.

"Hai," alisema mwishoni. "Arobaini, na yote hai."

Upande mmoja wa wodi jua la jioni lilikuwa likiingia moja kwa moja. Mama Vikopo aliomba pazia jepesi la kulikinga, nalo likawekwa siku hiyo hiyo. Kisha alimwita dada wa usafi, yule aliyeambiwa zamani ayamwagie maji kutoka juu.

"Mdogo wangu, nilikudanganya bila kujua. Maji yote yapite kwenye kisahani."

"Hata siku ya joto hayaogi?"

"Hata siku ya joto. Ukiona vumbi kwenye jani, lipanguse kwa brashi laini, kavu."

Dada wa usafi aliinamia ua moja dirishani. Mwanamke aliyekuwa amejifungua asubuhi alikuwa akilitazama ua hilo hilo kutoka kitandani, na mtoto wake amelala kifuani.

"Mama Vikopo," dada wa usafi alisema kwa aibu, "nasikia huwa linaota kwa jani. Naomba moja."

Fundi alimsogelea mkewe sikioni. "Ukimpa jani, hatanunua ua. Na atampa jirani yake jani. Duka utafunga."

Mama Vikopo alitazama lile ua. Alikumbuka kisu, kikapu na mguu uliovimba.

"Akiwa na lake nyumbani," alijibu, "hatampeleka mumewe mwambani."

Akachagua jani la katikati, akalikata kwa wembe safi pamoja na kikonyo. Matroni alitoa pamba, akailowesha, wakalifunga jani humo.

"Mchanga uliooshwa na mboji, nusu kwa nusu," alisema Mama Vikopo. "Lifunike kwa nailoni. Liweke penye mwanga usio na jua. Na nakuomba, usilichomoe kulitazama."

"Nitajuaje kama limeshika mimba?"

Wodi nzima ilicheka, hata yule mwenye mtoto kifuani. Matroni alivuta daftari la kliniki, akahesabu kwa vidole.

"Utajifungua mwezi Machi," alimwambia. "Njoo kila mwezi nikupime."